Umdubi na Mifereji ya Saratani

Ujumbe huu huenda umeshafika kwenye simu yako. Kuna picha ya mti, herufi kubwa nyekundu na madai matatu: kwamba kuna mti wa Afrika unaoua saratani ndani ya saa chache, kwamba Wazungu waliuchukua wakautoa dawa maabarani, na kwamba wameificha dawa hiyo ili waendelee kutuuzia kemo. Kwetu uliletwa kwenye grupu la familia na binamu yangu wa Mombasa. Shangazi, ambaye wakati huo alikuwa katikati ya kemo ya saratani ya matiti, hakuandika lolote pale. Alinipigia usiku.

"Wewe ndiye mtu wa kusomasoma," akasema. "Hii kitu ni ya ukweli ama ni zile zile tu? Kwa sababu kama ni ya ukweli, mimi hiyo dripu ya Jumanne siendi."

Ningemjibu "ni zile zile tu" nikalala. Lakini uongo unaosambaa vizuri huwa na kipande cha ukweli ndani yake, na huu ulikuwa na kipande kikubwa. Mti upo. Dawa ilipatikana. Hata ile habari ya saa chache ina msingi. Nikamwomba aende dripu yake kwanza, anipe siku chache nisome. Haya ndiyo niliyoyapata, na ni stori ndefu kuliko ile ya herufi nyekundu.

*

Mti wenyewe hauko Kenya. Ni wa Afrika Kusini, unaota kando ya mito katika jimbo la Eastern Cape hadi KwaZulu-Natal. Waxhosa wanauita umdubi. Huku kwetu una ndugu: ile miti ambayo Waswahili wanaiita mlama ni ya jamii hiyo hiyo, Combretum, na utaitambua kwa matunda yake makavu yenye mabawa manne.

Kwenye vitabu vya mimea, umdubi uliandikwa Combretum caffrum. Hebu lisome tena hilo neno la pili, polepole. Kama umekulia Pwani, ama una majirani Waislamu, unalijua: kafiri. Kwa Kiarabu ni mtu asiyeamini. Wafanyabiashara wa Bahari ya Hindi waliwaita hivyo watu wa bara wasio Waislamu. Wareno walipopita pwani hii wakalibeba neno, Waholanzi na Waingereza wakalipokea kule kusini, na huko likaacha kabisa mambo ya dini. Likawa tusi la rangi, tusi zito kuliko yote nchini humo. Mwaka 2018 mahakama moja ya Afrika Kusini ilimhukumu mwanamke kifungo kwa kumtusi polisi mweusi kwa neno hilo.

Neno hilo hilo lilikuwa limebandikwa kwenye mti tangu karne ya 19, na wataalamu wa mimea duniani kote wakawa wanalitamka bila wasiwasi. Wakusanyaji wawili kutoka Ulaya waliozunguka Afrika Kusini nyakati hizo, Ecklon na Zeyher, mpaka leo majina yao yanafuata jina la mti kwenye orodha rasmi, kwa kifupi. Ulipokuwa ukisoma jina hilo kamili la umdubi ulikutana na tusi, halafu majina ya waliolitoa. Neno umdubi halimo.

*

Sasa twende Marekani. Mwaka 1960, Taasisi ya Kitaifa ya Saratani ya nchi hiyo ilianza kazi ambayo ukiielezea leo inasikika kama ya mtu aliyepagawa: kukusanya mimea ya dunia nzima na kuijaribu dhidi ya saratani, mmoja baada ya mwingine. Ile picha tuliyo nayo ya Mzungu anayemrubuni mganga ampe siri ya mti haitusaidii sana hapa. Wataalamu wa mimea, wengi wakiwa wametumwa na Wizara ya Kilimo ya Marekani, walikuwa wanakata karibu kila walichokikuta: magome, mizizi, majani, matunda. Wanakausha, wanatia kwenye magunia, wanaandika kibandiko, wanasafirisha. Maabarani gunia linasagwa, linalowekwa kwenye spiriti, na maji yake yanajaribiwa kwa panya waliopewa lukemia. Panya akiishi kuliko wenzake, gunia linaendelea na safari. Asipoishi, imeisha hiyo. Mpango ulipofungwa mwanzoni mwa miaka ya 1980, walikuwa wamepima spishi zipatazo 35,000.

Umdubi ulikuwa miongoni mwa magunia yaliyoendelea na safari. Katika miaka ya 1970 uliingia mikononi mwa George Robert Pettit, mkemia wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Arizona, kule Tempe, katikati ya jangwa.

Nilisoma kemia mihula minne kabla ya kuacha chuo, na kama kuna kitu nilitoka nacho ni heshima kwa kazi ya kutenganisha. Supu ya mti mmoja ina mamia ya vitu ndani yake. Unaigawa mara mbili, unapima kila upande kuona ni upi unaoua seli za saratani, unautupa ule mwingine, unagawa tena. Kila ukigawa, ulichonacho kinapungua. Unaanza na mbao za kujaza pikapu na unamaliza na unga usiofunika ukucha. Kikosi cha Pettit kilitangaza kitu cha kwanza kutoka umdubi mwaka 1982 na kukiita kombretastatini. Mwaka 1987 wakatangaza A-1. Mwaka 1989 ndipo wakatangaza A-4, ambayo ndiyo ingeleta kelele zote.

Kombretastatini A-4 ni molekuli ndogo, karibu ya kushangaza kwa udogo wake: pete mbili za kaboni zilizounganishwa kwa daraja lililopinda. Daraja likinyooka, nguvu nyingi inapotea. Na kwa sababu ni ndogo hivyo, wanakemia waliweza kuitengeneza wenyewe kuanzia mwanzo, bila kugusa mti. Hapo kwenye stori pana umuhimu kuliko panavyoonekana. Kuanzia siku hiyo, hakuna aliyehitaji tena kwenda Eastern Cape.

*

Kuelewa A-4 inafanya nini, inabidi tuongee habari za mifereji.

Uvimbe wa saratani ukiwa mdogo kama kichwa cha pini unaweza kuishi kwa kuramba hewa na chakula kutoka kwa majirani. Ukitaka kukua zaidi unahitaji damu yake. Daktari wa Boston, Judah Folkman, aliandika mwaka 1971 kwamba uvimbe hutuma ujumbe wa kemikali unaoishawishi mishipa ya karibu kuchipua matawi mapya kuelekea kwake. Wengi walimwona mtu wa ndoto. Wazo lake lilikuwa kuzuia matawi hayo yasichipue.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980, mtafiti wa Uingereza aitwaye Juliana Denekamp akasukuma wazo jingine: mbona tusiivunje mishipa ambayo tayari ipo? Ukiua seli moja ya saratani umeua moja. Ukifunga mshipa mmoja, maelfu ya seli zinazoutegemea zinakufa njaa.

Kama umekaa mitaa fulani ya Nairobi unajua mabomba ya kujiunganishia. Bomba kubwa la chuma la kaunti liko chini ya barabara, limefukiwa vizuri. Halafu kuna yale ya plastiki yaliyounganishwa usiku, yamepita juu ya mtaro, yamefungwa kwa mpira, yanavuja kila kona. Maji yanafika, ndiyo, lakini gari likikanyaga, basi. Mishipa ya uvimbe ni ya namna hiyo. Imejengwa kwa haraka, imepinda, inavuja, na haina ile misuli inayoizunguka mishipa iliyokomaa.

Ndani ya seli za mishipa hii michanga kuna nguzo zilizojengwa kwa protini inayoitwa tubulini, na nguzo hizo ndizo zinazoifanya seli ikae bapa kama hema lililotandazwa. Kombretastatini A-4 inazuia tubulini isijijenge kuwa nguzo. Nguzo zikianguka, seli iliyokuwa bapa inajikunja kuwa duara, inaziba njia, damu inasimama. Seli za mshipa uliokomaa zina mihimili mingine ya kuzishikilia, kwa hiyo zinayumba lakini haziporomoki kwa urahisi huo.

Mwaka 1997, watafiti wa Gray Laboratory katika Hospitali ya Mount Vernon, nje kidogo ya London, walichapisha matokeo wakiwa pamoja na Pettit. Waliipa A-4 fosfati, yaani A-4 iliyoongezewa fosfati ili iyeyuke kwenye maji, kwa panya wenye uvimbe. Saa sita baadaye, mishipa iliyokuwa bado inapitisha damu ndani ya uvimbe ilikuwa imepungua kwa asilimia 93. Na kipimo kilichohitajika kufunga mishipa kilikuwa chini ya sehemu moja ya kumi ya kile ambacho panya angeweza kustahimili. Dawa nyingi za saratani hazina nafasi kubwa hivyo kati ya kutibu na kuumiza.

Hiyo ndiyo "saa chache" ya kwenye ujumbe wa binamu yangu. Ilikuwa kweli. Ilikuwa kwa panya.

*

Chuo cha Arizona kilikuwa na hataza, na kampuni ya Marekani iitwayo OXiGENE ikachukua leseni. Mwishoni mwa 1998 watu wa kwanza wakaanza kudungwa.

Moja ya majaribio hayo ya mwanzo yalifanyika Cleveland, jimbo la Ohio, kwa wagonjwa 25 ambao saratani zao zilikuwa zimesambaa. Mmoja wao alikuwa na saratani ya tezi ya thairoidi, ile tezi iliyo mbele ya koo, ya aina iitwayo anaplastiki. Aina hii ni katili. Wengi wanaoipata hufa ndani ya miezi michache. Mgonjwa huyu uvimbe wake ulipotea wote. Ripoti ilipotoka mwaka 2002, alikuwa hai miezi 30 baada ya matibabu.

Fikiria wewe ndiye mwanasayansi uliyekaa pale. Kwa miaka ishirini watu wamekuwa wakigawa supu ya mti, na sasa kuna mtu mmoja, mwenye jina na familia, anayetembea barabarani wakati vitabu vinasema hapaswi kuwepo. Ungefanya nini? Ungefanya walichofanya: jaribio kubwa kwa ugonjwa huo huo.

Tatizo la kwanza ni kwamba ugonjwa huo ni adimu. Walipanga kupata wagonjwa 180, wakapata 80. Wote walipewa kemo ya kawaida, na theluthi mbili wakaongezewa dawa ya umdubi. Matokeo yalichapishwa mwaka 2014. Nusu ya waliopewa kemo pekee walikuwa wamefariki ndani ya miezi 4.0. Kwa walioongezewa, ilikuwa miezi 5.2. Baada ya mwaka mmoja, asilimia 26 ya walioongezewa walikuwa hai, dhidi ya asilimia 9 ya wale wengine.

Ukizitazama hizo namba mbili za mwisho unataka kupiga kelele. Lakini kwa watu 80 tu, tofauti kama hiyo inaweza kuletwa na bahati, na hesabu zilisema hivyo: haikuthibitika. Mamlaka ya dawa ya Marekani haikuiidhinisha. Kampuni ikabadilisha jina kuwa Mateon, ikahamia kwa saratani ya ovari, ikaichanganya dawa na nyingine inayozuia mishipa isichipue, yaani wazo la Denekamp na wazo la Folkman kwenye dripu moja. Septemba 2017, walipochungulia matokeo katikati ya jaribio, hapakuwa na faida. Wakasimamisha.

Sababu ilikuwa inaonekana tangu kwa panya. Turudi mtaani. Kaunti imekuja imekata mabomba yote ya plastiki. Walio katikati ya mtaa wameishiwa maji kabisa. Lakini wale wa nyumba za pembezoni, waliopakana na barabara kubwa, wanabeba mtungi wanaenda kuchota kwa jirani mwenye bomba la chuma. Ndivyo ilivyo kwa uvimbe. Kiini chake kinakufa, wakati mwingine karibu chote, lakini unabaki ukingo mwembamba wa seli hai zinazolishwa na mishipa ya kawaida ya nyama ya jirani. Ukingo huo unaanza kujenga upya. Wiki chache baadaye uvimbe umerudi.

Na kuna upande wa mgonjwa. Nywele hazikutoka kama kwa kemo nyingine, chembe za damu hazikuporomoka. Lakini dawa inayofunga mishipa haiwezi kuipuuza mishipa yote. Presha ilipanda, wengine wakapata maumivu makali pale penye uvimbe, na wachache walipata shida za moyo. Hayo yalitokea mashine za moyo zikiwa kando ya kitanda na madaktari wakiwa wamesimama pale.

*

Kwa hiyo nilimpigia shangazi na jibu refu. Nikamwambia mti upo, unaitwa umdubi. Dawa haikufichwa. Ilichapishwa, ikajaribiwa, na ilipofeli hilo nalo likachapishwa kwa namba zake zote. Atakayemuuzia gome la mlama kwa jina la dawa hii anamuuzia supu ambayo hakuna anayejua ina kiasi gani cha nini, na asiye na mashine ya moyo pembeni.

Halafu nikamuuliza jina la dawa aliyodungwa Jumanne. Akaenda kutafuta karatasi. Ilikuwa paklitakseli.

"Hiyo pia ni mti," nikamwambia. Gome la mti wa msituni kaskazini magharibi mwa Marekani, lililokatwa mwaka 1962 na mtu wa Wizara ya Kilimo kwenye mpango ule ule wa magunia. Inashambulia tubulini ile ile, ila yenyewe inazigandisha nguzo zisiweze kubomoka. Kati ya spishi 35,000 walizopima, dawa zilizofika hospitalini za kuhesabu kwa vidole. Alikuwa tayari anapewa mojawapo.

Akanyamaza kidogo. "Kwa hivyo mimi nilikuwa nataka kuacha mti niende kwa mti."

*

Shangazi alitosheka. Mimi sikutosheka, kwa sababu dai moja la ujumbe ule lilikuwa bado linanisumbua: kwamba kuna kitu kilichukuliwa.

Kisheria, hakuna kilichoibwa. Magunia yale yaliposafiri, mimea ilihesabiwa kuwa mali ya binadamu wote, maana yake ni kwamba mwenye meli na maabara alijichukulia. Mkataba wa dunia uliotamka kwamba kila nchi ina mamlaka juu ya mimea na wanyama wake ulitiwa saini Rio de Janeiro mwaka 1992, na itifaki ya namna ya kugawana faida ikaja Nagoya, Japani, mwaka 2010. Wakati huo A-4 ilikuwa inatengenezwa kwenye chupa. Na kwa vile haikuwahi kuwa dawa ya kuuzwa, hata faida ya kugawana haikupatikana. Mtu wa kando ya mto kule Eastern Cape hakuibiwa mabilioni. Alikuwa nje ya mazungumzo tangu mwanzo hadi mwisho.

Kama unadhani hayo ni ya Afrika Kusini tu, njoo Kwale.

Mwaka 1972, mkemia Morris Kupchan wa Chuo Kikuu cha Virginia alitangaza kitu kiitwacho maitansini, alichokitoa kwenye mmea wa Ethiopia wa jamii ya Maytenus. Kilikuwa sumu kali dhidi ya saratani, na ukiuliza kinashambulia nini, jibu ni tubulini tena. Shida ni kwamba kilikuwa kidogo mno kwenye mmea. Wakatafuta ndugu zake wenye kingi zaidi, na mmoja wao, Maytenus buchananii, ulikuwa unaota kwenye hifadhi ya Shimba Hills, kule kwetu, kilomita chache kutoka fukwe za Diani. Taasisi ile ile ya saratani ya Marekani ikakusanya humo kilo 27,215. Tani ishirini na saba za mmea mmoja kutoka hifadhi moja. Miaka minne baadaye walipotaka nyingine, mimea ilikuwa haijaota tena vya kutosha, na wakusanyaji wakahangaika kuipata.

Maitansini ilipojaribiwa kwa watu ilionekana kuwa kali mno, ikawekwa rafuni. Ila stori haikuishia hapo. Wanasayansi wa Japani waligundua kwamba bakteria fulani hutengeneza vitu vya ukoo huo huo, kwa hiyo vingeweza kuzalishwa kwenye matangi, bila msitu. Baadaye watu wakapata akili ya kuifunga sumu hiyo kwenye kingamwili inayoitafuta seli ya saratani yenyewe na kuipelekea mlangoni. Februari 2013 Marekani iliidhinisha dawa ya kwanza ya namna hiyo kutoka ukoo wa maitansini: Kadcyla, ya aina moja ya saratani ya matiti. Hiyo inatibu watu kweli kweli.

Hapo ndipo ninapokataa ile furaha ya herufi nyekundu na pia ule ubaridi wa anayesema "ni sayansi tu, tulia." Tulichokitoa Shimba Hills kilikuwa halisi, kwa uzito wa malori. Kilisaidia kufika kwenye dawa halisi. Na Mkenya wa kawaida mwenye umri wangu hajawahi kusikia habari hiyo hata mara moja, ila anajua kwa moyo habari ya dawa iliyofichwa ambayo haikufichwa. Shuleni nilifundishwa Shimba Hills ni mahali pa palahala. Sikufundishwa kwamba ni mahali palipopelekwa kwenye mizani ya vita vya saratani.

*

Julai 2024, wataalamu wa mimea kutoka duniani kote walikutana Madrid. Wenzao wawili wa Afrika Kusini, Gideon Smith na Estrela Figueiredo, walikuwa wameleta pendekezo: majina yote ya mimea, kuvu na mwani yenye mzizi wa lile tusi yabadilishwe, zaidi ya 200. Kura ilikuwa ya siri. 351 wakakubali, 205 wakakataa. Herufi c ya mwanzo inaondolewa, na neno linabaki likiashiria Afrika. Watu 205 waliosomea mimea maisha yao yote waliona ni bora jina libaki lilivyokuwa.

Umdubi ni mmoja wa waliopunguziwa herufi hiyo. Mimi nililifurahia badiliko hilo, na bado nalifurahia, maana linaonyesha kwamba kibandiko kilichoandikwa miaka karibu mia mbili iliyopita kinaweza kufutwa na kuandikwa upya. Ila kibandiko cha mti ni kazi rahisi. Kazi kubwa iko Kwale.

Zile kilo 27,215 hazikujikata. Kuna watu waliopanda vilima vile na mapanga, wakakata, wakakausha, wakashona magunia, wakapakia kwenye malori yaliyoshuka kuelekea Mombasa. Mtu aliyekuwa na miaka ishirini wakati ule sasa ana sabini na kitu. Huenda anakaa Kwale mjini, ama Lunga Lunga, ama kwa mwanawe Likoni, na anakumbuka walilipwa shilingi ngapi, waliambiwa mmea ni wa nini, na wazee walisema nini walipouona unaisha. Kama ni babu yako, ama jirani ya babu yako, nenda naye umpe kiti, washa simu urekodi, na umuulize.